Mkojo hutangulia, uvimbe hufuata: somo kuhusu nefrotiki kwa watoto na watu wazima

Somo hili nimewaandalia wazazi na wagonjwa wa kikundi chetu cha Moshi, pamoja na wenzetu wanaotoka Arusha, kwa sababu mara kwa mara hutujia mzazi mpya akiwa na karatasi iliyoandikwa "nefrotiki" na hakuna aliyemweleza kwamba neno hilo lina maana ya figo kuvujisha protini nyingi kwenye mkojo. Nimefanya kazi ya uuguzi katika wodi za watoto kwa miaka mingi, na jambo ninalomwomba kila mmoja alishike ni kwamba mkojo hutoa taarifa kabla ya uso kuvimba, na kwamba mtu yeyote anaweza kujifunza kuusoma akiwa nyumbani kwake.

Hatua ya kwanza: elewa kinachovuja

Kila figo ina vichujio vidogo sana vipatavyo milioni moja. Kichujio kizima hupitisha maji na taka, na huzuia protini ili zibaki kwenye damu, hasa albumini, ambayo kazi yake mojawapo ni kuyashika maji ndani ya mishipa. Vichujio vinapoharibika, albumini huvujia kwenye mkojo, figo nazo huzuia chumvi isitoke, na maji hujikusanya chini ya ngozi, tumboni na hata kuzunguka mapafu. Ini likijitahidi kufidia protini iliyopotea hutengeneza pia mafuta mengi, ndiyo maana kolesteroli hupanda ingawa mgonjwa hajala mafuta. Nefrotiki, basi, ni jina la hali hiyo yote kwa pamoja, nayo inaweza kuletwa na magonjwa mbalimbali.

Hatua ya pili: tambua, kisha thibitisha

Kwa mtoto, uvimbe huanza kwenye kope asubuhi, na kufikia jioni huwa umeshuka miguuni, hivyo mzazi anayerudi kazini usiku humkuta mtoto akiwa na macho ya kawaida na kuamini kwamba amepona. Nilimpokea mtoto wa miaka 4 aliyekuwa ametiwa dawa ya macho ya aleji kwa wiki tatu mahali fulani, na katika wiki zote hizo hakuna aliyempima mkojo. Alipofika kwetu, tumbo lilikuwa limejaa maji na lastiki ya kaptura ilikuwa imechimba mstari mwekundu kiunoni. Wengine huambiwa ni utapiamlo au minyoo, na kijiji kinapoanza kunong'ona juu ya kulogwa, muda huzidi kupotea.

Mtu mzima mara nyingi huona viatu vinabana. Bonyeza kwa kidole gumba juu ya mfupa wa muundi, hesabu hadi kumi, kisha achia. Shimo likibaki, hayo ni maji. Tazama pia mkojo: ukitoa povu jingi linalokaa muda mrefu bila kupasuka, kama povu la sabuni kwenye beseni, peleka sampuli hospitali. Kwa mtu mzima, nefrotiki huthibitishwa akipoteza zaidi ya gramu 3.5 za protini kwa saa 24, huku albumini ya damu ikiwa chini ya gramu 30 kwa lita. Mtoto hupimwa kwa sampuli moja ya mkojo wa asubuhi, kwa kulinganisha protini na kreatinini (taka ya misuli ambayo figo huitoa), kwa kuwa kukusanya mkojo wake wa siku nzima ni kazi ngumu.

Hatua ya tatu: tafuta chanzo

Kwa watoto, hasa wa kati ya miaka 2 na 6, aina inayoongoza ni ile ambayo vichujio huonekana karibu vizima kabisa kwenye darubini ya kawaida, na nyingi ya aina hiyo huitikia dawa. Kwa watu wazima orodha ni ndefu: kisukari, lupasi (ugonjwa wa kinga kuushambulia mwili wenyewe), homa ya ini ya B, virusi vya Ukimwi, kaswende, matumizi ya muda mrefu ya dawa za maumivu kama diklofenaki, na magonjwa ya vichujio vyenyewe.

Hatua ya nne: dawa

Mtoto huanzishiwa prednisoloni, dawa ya jamii ya homoni za steroidi, kwa kawaida miligramu 60 kwa kila mita mraba ya eneo la mwili kwa siku, ambayo ni takriban miligramu 2 kwa kilo, bila kuzidi miligramu 60, kwa wiki 4 hadi 6. Kisha dozi hupunguzwa na kumezwa siku moja kwa kuruka nyingine kwa wiki nyingine kadhaa. Dozi ya mtoto wako huipanga daktari. Nakusihi usiikatishe ghafla, kwa sababu baada ya wiki kadhaa mwili huwa umepunguza kutengeneza homoni ya aina hiyo, na mtoto anaweza kuishiwa nguvu, kutapika na kuzimia.

Hatua ya tano: pima kila asubuhi, andika

Hapa naomba subira yenu, kwa kuwa ndipo somo lilipo.

Nunua kopo la vijiti vya kupimia mkojo vyenye sehemu ya protini. Litunze pakavu, mbali na jiko na mvuke, na ulifunge mara tu baada ya kutoa kijiti kimoja, kwani unyevu huharibu vilivyobaki. Chukua mkojo wa kwanza wa asubuhi katika chombo safi kisichokuwa na sabuni, chovya kijiti na kukitoa papo hapo, kung'uta tone la ziada ukingoni, kilaze, na usome kwa muda ulioandikwa kwenye kopo, ambao mara nyingi ni sekunde 60. Soma karibu na dirisha, kwa mwanga wa mchana. Njano maana yake hakuna protini. Kadiri rangi inavyoelekea kwenye kijani kibichi na bluu, ndivyo protini ilivyo nyingi.

Andika kwenye daftari tarehe, kipimo, uzito, dozi na dalili kama mafua au homa. Siku tatu mfululizo bila protini, au na dalili hafifu tu, huhesabiwa kuwa mtoto amepata nafuu. Siku tatu mfululizo za alama tatu za kujumlisha (+++) au zaidi zina maana ugonjwa umerudi, na hapo unakwenda hospitali hata kama uso haujavimba. Watoto wengi walioitikia dawa hurudiwa angalau mara moja, mara nyingi baada ya mafua, kwa hiyo usijilaumu.

Hatua ya sita: chumvi, na magadi

Chumvi ipunguzwe sana wakati wa uvimbe. Wengi wetu hutii kwa kuficha kopo la chumvi, kisha tunapika kiburu (ndizi na maharage) au makande kwa magadi ya soko la Mbuyuni, tukisahau kwamba magadi nayo yana sodiamu ileile inayovuta maji. Dagaa wa chumvi na viungo vya pakiti vina tatizo hilohilo.

Maswali ya wanachama

*Shikamoo, mama muuguzi. Mjukuu wangu anapoteza protini. Je, nimwongezee mayai, maziwa na supu ya nyama? (Bibi, Marangu)*

Wewe ndiwe wa kuamkiwa, bibi, shikamoo. Mpe chakula cha kawaida cha mtoto wa umri wake, yai likiwemo, bila kumzidishia. Protini ya ziada haizibi kichujio. Mtori mpikie, ila bila chumvi nyingi.

*Mwanangu amekuwa na uso wa mviringo na anadai chakula hata usiku. Jirani anasema dawa inamuua. (Mama, Majengo)*

Uso huo na njaa hiyo vinatokana na prednisoloni, na hupungua dozi inaposhuka. Usiiguse dozi, mama. Hakikisha anapimwa shinikizo la damu na urefu kila kliniki. Akipata homa na maumivu ya tumbo, mguu mmoja ukivimba na kuuma, au akipumua kwa shida, mpeleke usiku huohuo, kwa kuwa ugonjwa huu huleta maambukizi makali na damu kuganda.

*Nina miaka 46, ni dereva. Kwa nini mimi natakiwa kutolewa kinyama cha figo kikapimwe, na mtoto wa jirani alipewa vidonge tu? (Baba, Njiro)*

Kwa sababu kwa mtoto chanzo hukisiwa kwa uhakika mkubwa, lakini kwako kinaweza kuwa kimojawapo kati ya vingi, na tiba zake hazifanani. Mtoto naye hufanyiwa hivyo ikiwa mkojo haujasafika baada ya wiki 4 hadi 6 za dozi kamili. Wakati unasubiri, usinunue dukani vidonge vya kukojosha, kwani vinaweza kukausha mishipa wakati miguu bado imejaa.

*Shuleni kwao kuna tetekuwanga, na binti yangu yuko kwenye dozi kubwa ya prednisoloni. Nisubiri nione kama vipele vitatoka? (Mama, Kiborloni)*

Usisubiri, mama, kwa kuwa dozi hiyo hupunguza kinga ya mwili. Nenda hospitali leo ukiwa na daftari lako, na uwaambie mapokezi kabla hujaketi na watoto wengine.