Jinsi ya kuomba kibali cha kupanda Kilimanjaro kwa siku moja, Marangu hadi Mandara

Si lazima uwe na siku sita za likizo na mamilioni ya shilingi ndipo ukanyage Mlima Kilimanjaro. Ipo safari ya siku moja inayoanzia geti la Marangu, inapita msitu wa mvua hadi vibanda vya Mandara kwenye mita 2,720, na jioni hiyo hiyo umerudi Moshi unakula chakula cha usiku. Ni takriban kilomita nane kupanda na nane kushuka. Mtu mzima mwenye afya ya kawaida, anayeweza kutembea nusu siku bila kulala chini, anaimudu.

Nimewapeleka ndugu na marafiki mara kadhaa, na kila aliyekwama alikwama getini. Mlimani sijaona aliyeshindwa. Huyu hana kitambulisho, yule amekuja na fedha taslimu, wengine wamefika saa tano mchana wakitaka kuanza kupanda. Ndiyo maana sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu mambo ya kufanya kabla hujafunga kamba za viatu.

Ujue kwanza unaomba nini

Kilimanjaro ni hifadhi ya taifa chini ya TANAPA, yaani Shirika la Hifadhi za Taifa. Ilianzishwa mwaka 1973, na makao yake makuu yapo hapo hapo Marangu. Huruhusiwi kuingia na kupanda peke yako, hata kama umezaliwa Mamba au Kilema na msitu huo unauona kutoka dirishani kwenu. Unahitaji vitu viwili: kibali cha kuingia kilicholipiwa, na kiongozi wa mlima mwenye leseni ya hifadhi.

Kibali cha siku moja kinakufikisha Mandara na kwenye kreta ya Maundi iliyo jirani, basi. Hakikupi ruhusa ya kulala wala ya kuendelea hadi vibanda vya Horombo, vilivyo mita 3,720. Kiongozi akikwambia mnaweza kusogea kidogo mbele kwa kuwa mna nguvu, mkatalie kwa heshima. Mkipata tatizo huko juu jioni, mtakuwa mahali ambapo karatasi yenu haiwatambui.

Chagua njia ya kuomba: kupitia wakala au kwenda mwenyewe

Ziko njia mbili. Ya kwanza ni kupitia kampuni ya utalii yenye leseni. Kampuni inashughulikia kibali, kiongozi, usafiri na chakula, nawe unalipa jumla moja. Kwa wageni kutoka nje ya nchi, na kwa makundi ya ofisini yanayotaka gari la kuwachukua mlangoni, njia hii inaokoa muda.

Ya pili ni kwenda mwenyewe hadi getini, kuomba kibali dirishani na kupata kiongozi pale pale. Kwa Mtanzania au jirani wa Afrika Mashariki anayeangalia mfuko, mimi huipendekeza hii, mradi afike mapema. Mkiwa watu wengi, pigeni simu hifadhini siku chache kabla mseme mko wangapi, ili viongozi wa kutosha waandaliwe. Shule na vyuo huandika barua yenye mhuri kwa mkuu wa hifadhi, na kuambatanisha orodha ya wanafunzi na walimu wanaowasindikiza. Barua hiyo ipelekwe wiki kadhaa kabla. Isiwe inaletwa mkononi asubuhi ya safari.

Ukiamua kupitia wakala, nisikilize vizuri hapa. Kundi letu liliwahi kumlipa mtu mmoja mjini, aliyejitambulisha kuwa wa kampuni, kwa namba yake binafsi ya simu. Tulikuwa kumi na wawili, akiwemo mama yangu mdogo aliyekuwa amesubiri siku hiyo kwa miaka. Tulipofika getini hapakuwa na jina letu hata moja. Simu yake ikaita weee, kisha ikazimwa. Tulilipa upya wale tuliokuwa na salio, na wanne wakabaki chini ya mti wakila vyakula vyao vya safari saa tatu asubuhi. Mama mdogo alikuwa mmoja wao, kwani alikataa katakata nimlipie. Tangu siku hiyo, sitoki nyumbani kabla ya kuona kwa macho yangu kibali chenye majina yetu na stakabadhi ya serikali. Nawe ukidai uoneshwe, si kwamba humwamini mtu. Ni haki yako.

Andaa vitambulisho

Viwango vya kiingilio vinatofautiana kwa makundi matatu: raia wa Afrika Mashariki, wageni wakazi wenye vibali vya kuishi nchini, na wageni wasio wakazi. Tofauti kati ya kundi la kwanza na la tatu ni kubwa sana. Raia hulipa kwa shilingi, mgeni asiye mkazi hutozwa kwa dola. Kinachokuweka kwenye kundi lako ni karatasi. Kiswahili chako fasaha hakitoshi.

Mtanzania abebe kitambulisho cha NIDA. Mkenya, Mganda, Mnyarwanda au Mrundi abebe pasipoti au kitambulisho cha taifa lake. Mgeni mkazi abebe pasipoti pamoja na kibali cha ukazi, na asibebe kopi iliyofifia. Watanzania wa ughaibuni waliochukua uraia wa nchi nyingine wajue kuwa dirishani watahesabiwa kwa pasipoti waliyonayo. Nimeona shemeji wa rafiki yangu akibishana kwa nusu saa juu ya hilo, na foleni nzima nyuma yake ikimngoja.

Watoto nao wana kiwango chao, kwa hiyo cheti cha kuzaliwa kiwemo mkobani. Mtoto wa chini ya miaka 10 haruhusiwi kwenda kileleni, lakini Mandara anafika akiwa na mzazi. Umpime mwenyewe kwa miguu yake kwanza: kama hawezi kutembea kutwa kwenye vilima vya kwenu, huko utambeba.

Malipo

Getini hawapokei fedha taslimu. Ukishatoa majina na vitambulisho, ofisa anakuandalia ankara yenye kumbukumbu namba ya malipo, ile ndefu inayoanza na 99. Unalipa kwa simu kupitia menyu ya malipo ya serikali, au kwa benki, au kwa kadi pale dirishani. Subiri ujumbe wa kuthibitisha, umuoneshe ofisa, naye atakupa stakabadhi na kibali.

Kabla ya kubonyeza namba ya siri, soma ankara mstari kwa mstari. Angalia idadi ya watu, kundi la kila mmoja, tarehe, na kama kodi ya ongezeko la thamani imeshajumlishwa kwenye kiasi ulichotajiwa au inakuja juu yake. Viwango hupitiwa upya mara kwa mara, na mwaka wa fedha huanza tarehe 1 Julai, kwa hiyo usitegemee bei aliyolipa jirani yako mwaka jana. Uliza hifadhini wiki ya safari yako.

Weka salio kwenye simu tangu ukiwa Moshi au Himo. Mtandao wa Marangu upo, ila asubuhi yenye ukungu na foleni ya watu arobaini si wakati wa kuanza kutafuta wakala wa kuweka fedha.

Malipo ya kiongozi ni jambo la peke yake. Mkubaliane kiasi kabla ya kuanza, wazi, mbele ya kundi zima, na mseme kama chakula chake kimo. Bakshishi ya jioni ni hiari. Mimi hutoa kila mara, kwa sababu nimeshaona kiongozi akimshika mkono mzee wa miaka 67 hatua kwa hatua kwenye mizizi yenye utelezi, kilomita nzima, bila kumharakisha hata mara moja.

Siku yenyewe

Ondoka Moshi saa 12 asubuhi. Daladala na Noah za Marangu zinapita Himo kisha zinapanda hadi Marangu Mtoni. Kutoka hapo unachukua bodaboda au teksi mpaka getini. Lenga kufika saa 2. Mkimaliza malipo, mtaandikishwa kwenye daftari: jina, umri, uraia, kazi, namba ya kitambulisho, sahihi. Andika kwa mwandiko unaosomeka. Daftari hilo ndilo litakalowaambia askari wa hifadhi kuwa kuna mtu hajashuka.

Hapo hapo getini kuna kumbukumbu ya Yohani Kinyala Lauwo, Mchagga wa Marangu anayekumbukwa kuwa alimwongoza Hans Meyer mwaka 1889, safari iliyofika kilele cha Kibo. Simama dakika mbili uisome kabla hujaanza kutembea.

Mkianza saa 2 na nusu au saa 3, mtafika Kisambioni, mahali pa kupumzikia katikati ya njia, baada ya kama saa moja na nusu. Msitu ni mzito. Mbega weusi wenye mikia mirefu myeupe hupita juu ya vichwa, kima nao hushuka karibu kuangalia mfuko wa nani umefunguliwa. Tazama chini pia, kando ya vijito, utaona ua dogo jekundu na njano lenye mkia uliopinda kama ndoano. Jina lake la kitaalamu ni Impatiens kilimanjari, na halioti porini mahali pengine popote duniani isipokuwa mlima huu. Mara ya kwanza nililipita bila kulijua. Kiongozi ndiye aliyeniita nirudi nyuma hatua tatu, akainama na kuliinua kwa kidole kimoja bila kulichuma.

Tembeeni pole pole. Neno hilo wageni wote hulijua, sisi wenye lugha ndio tunaolivunja. Vijana wetu huanza kwa mbio wakashindana hadi Kisambioni, kisha wanaumwa vichwa Mandara. Mita 2,720 si urefu wa kuua mtu mzima mwenye afya, lakini hewa imeshaanza kupungua. Kichwa kikigonga kidogo, pumzika, kunywa maji, kula. Kikizidi, au ukianza kutapika au kuyumba, mwambie kiongozi na mgeuke mara moja. Wenye shida ya moyo, pumu kali au wajawazito wamwone daktari kabla ya kulipia chochote.

Mandara mtafika mchana, kama saa 6. Kuna vibanda vya mbao vyenye mapaa makali yaliyochongoka, vyoo, na daftari jingine la kusaini. Jina linatokana na Mangi (mtawala wa Kichagga) Rindi wa Old Moshi, aliyejulikana pia kama Mandara. Kuleni hapo. Mkiwa na nguvu, tembeeni dakika kama 15 zaidi hadi Maundi, kreta ndogo iliyoota majani. Mawingu yakifunguka mtaona upande wa Kenya na meno ya Mawenzi, kilele cha pili cha mlima huu. Yasipofunguka mtaona ukungu tu, nao ni wa baridi, kwa hiyo vaeni sweta kabla jasho halijapoa mwilini.

Mzigo wa mgongoni

Maji lita mbili hadi tatu kwenye chupa inayotumika tena. Chupa za plastiki za kutupa haziruhusiwi hifadhini, na mifuko ya plastiki imepigwa marufuku nchi nzima tangu tarehe 1 Juni 2019. Koti la mvua ni lazima hata mwezi wa Januari, kwani msitu huo una mvua yake wenyewe. Ongeza sweta nzito, soksi za akiba, kofia, tochi ndogo, na viatu vilivyokwisha kuzoea miguu yako. Chakula kiwe cha kushiba: chapati, mayai ya kuchemsha, ndizi, karanga, na chai ya chupa kwa wanaoweza kuibeba. Taka zote zirudi nanyi, hata maganda ya ndizi. Droni usiibebe, inahitaji kibali chake.

Miezi mizuri ni Januari na Februari, kisha Julai hadi Oktoba. Machi hadi Mei ni masika, njia inakuwa tope la kumeza kiatu. Novemba nayo ina mvua za vuli.

Kushuka na kutoka

Anza kushuka isipite saa 8 mchana. Kushuka kunachukua saa mbili hadi tatu, na magoti huuma kuliko wakati wa kupanda. Fimbo hapo inasaidia sana. Ukifika getini, nenda kwenye daftari usaini kuwa umetoka, na uhakikishe kila mtu wa kundi lenu amesaini. Aliyepitiliza moja kwa moja hadi kwenye gari atawafanya askari wamtafute msituni usiku bure.

Safari ya Mandara haina cheti. Vyeti ni vya waliofika ukingo wa kreta ya Kibo na kuendelea, kwa hiyo usimlipe yeyote anayekuahidi kukutengenezea. Baki na stakabadhi yako na kibali mpaka ufike nyumbani, kisha teremka Marangu Mtoni kabla giza halijaingia, kwa sababu magari ya Moshi hupungua sana jioni.