Nani Anaweza Kukata Rufaa Dhidi ya Tuzo ya Shauri la Madai Tanzania

Kabla ya kuandika sababu za rufaa, soma tuzo yenyewe, yaani amri rasmi ya mahakama inayoonyesha nani amepata nini, kwa kuwa rufaa hukatwa dhidi ya tuzo, si dhidi ya maneno ya hakimu yaliyokuudhi ndani ya hukumu. Anza na majina. Katika mashauri yaliyofunguliwa chini ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, mwenye haki ya rufaa ni mdai au mdaiwa aliyekuwamo katika shauri na ambaye tuzo imemnyima au kumtwisha kitu. Aliyedai shilingi milioni 10 akapewa 6 anaweza kuzifuata zile 4. Aliyepewa zote hana rufaa, hata kama baadhi ya hoja zake zilikataliwa, ingawa mpinzani wake akikata rufaa ataruhusiwa kuitetea tuzo kwa hoja hizohizo.

Mkopaji na mdhamini wakishindwa pamoja, mmoja wao anaweza kwenda peke yake, na pale sababu ya tuzo inapowagusa wote, mahakama ya rufaa inaweza kuitengua kwa faida ya wote wawili. Mhusika akifariki, nafasi yake huchukuliwa na msimamizi wa mirathi; mjane au mtoto asiyeteuliwa na mahakama, hata akiwa mrithi halali, aanze na mirathi.

Wanaokosea zaidi, kwa maoni yangu, ni wale ambao hawakuwa wahusika. Mke ambaye nyumba yake imekamatwa kwa deni la mumewe hakati rufaa, bali hupeleka pingamizi katika mahakama inayokaza hukumu, yaani inayosimamia utekelezaji wake. Mtu mwingine ambaye tuzo yenyewe imegusa haki zake huiomba mahakama ya juu ifanye marejeo ya shauri, yaani ilikague na kurekebisha makosa.

Tuzo ya maridhiano, yaani iliyotokana na makubaliano ya wahusika, haikatiwi rufaa. Ile ya upande mmoja, iliyotolewa bila mdaiwa kusikilizwa, inakatiwa rufaa, lakini kama lalamiko lako ni kwamba hukupewa wito, omba kwanza itenguliwe katika mahakama iliyoitoa.

Muda wa kawaida ni siku 90 kwa Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, na siku za kusubiri nakala ya tuzo hazihesabiwi, kwa hiyo iombe kwa maandishi mapema. Rufaa kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda ya Wilaya ina siku 30 tu.