Kwateti ya nyuzi (fidla mbili, viola na chelo) ikipiga tango: mdundo utoke wapi?

Bendi za tango za Buenos Aires zilizoitwa orquesta típica zilikuwa na bandoneoni (ala ya mvukuto inayofanana na kodiani), fidla, piano na besi. Ngoma hazikuwamo. Mdundo wote ulitoka kwenye nyuzi, bandoneoni na mkono wa kushoto wa mpiga piano. Sisi tuliosomea klasiki tunateleza hapo hapo: tunakimbilia melodi, tunaipamba, kumbe chini yake hakuna kinachotembea.

Hatua ya 1. Tafuteni nota zilizopangwa na mtu anayezijua nyuzi. José Bragato, mpiga chelo wa Octeto Buenos Aires, bendi ya watu wanane ya mtunzi wa tango Astor Piazzolla, mwaka 1955, alipanga Estaciones Porteñas ya Piazzolla kwa fidla, chelo na piano. Four, for Tango, ambayo Piazzolla aliwaandikia Kronos Quartet, kwateti ya nyuzi ya Marekani, ni tamu lakini ngumu. Msianze nayo.

Hatua ya 2. Wekeni ala chini. Hesabuni hadi 8, mguu ukigonga 1, 3, 5 na 7, makofi yakilia 1, 4 na 7. Kofi la pili linaangukia katikati ya hatua mbili za mguu. Likiwayumbisha, rudieni. Msishike upinde mpaka mwili uzoee.

Hatua ya 3. Sasa arrastre, yaani kuburuta, na hapa msiwe na haraka. Mpiga chelo aanze kabla ya pigo: upinde mwepesi, kidole cha kushoto kikipanda kutoka sauti ya chini, sauti ivimbe, kisha ikatwe papo hapo pigo linapofika. Ni kama kuburuta gunia hadi mlangoni na kulitua kwa kishindo. Kwenye kwateti yetu (mimi napiga viola) tulikuwa tunavuta vizuri ila tunatua tumechelewa, na kipande kizima kikawa kizito. Kosa lilikuwa kuanza kuvuta tukiwa tumechelewa. Isikilizeni La Yumba ya Osvaldo Pugliese, mpiga piano na kiongozi wa bendi ya tango, aliyoirekodi 1946, mara kumi kama ni lazima.

Hatua ya 4. Fidla ya pili ijifunze chicharra, maana yake nyenze. Peleka upinde nyuma ya daraja (kibao kinachoinua nyuzi za fidla), pale waya ulipozungushiwa uzi wa rangi, ukwaruze kwa nguvu, mfupi mfupi, karibu na mkono unaoshika upinde. Sauti itoke kavu, isiwe na nota. Ukisikia mlio mwembamba, umekosa mahali, sogea kidogo.

Hatua ya 5. Melodi mwisho. Nota zilizoandikwa sawasawa zisipigwe sawasawa: fidla ya kwanza ichelewe mwanzoni mwa sentensi, ikimbie katikati, ifike pamoja na wenzake. Wengine msimsubiri hata kidogo. Mkimsubiri, hana tena cha kuvutana nacho.

Viola akae karibu na chelo, kila mmoja auone upinde wa mwenzake.