Kuipa Damu Mpya Tamthilia ya Hospitali Iliyochoka

Tamthilia ya hospitali ikichoka, wagonjwa wanageuka pambo. Chukua skripti za episodi 10 zilizopita, hesabu matukio ambayo mgonjwa ndiye anayemlazimisha daktari kuamua jambo. Yakiwa chini ya theluthi, usiwalaumu waigizaji: waandishi wamehamia kwenye mapenzi ya madaktari wakaisahau wodi.

Seti usiiguse. Mapokezi, dirisha la dawa na korido ya wodi mtazamaji ameshavizoea, na ukibadilisha sura na jengo kwa msimu mmoja, atajiona ameletewa tamthilia nyingine. Badilisha macho yanayoitazama hospitali.

Wageni, yaani wahusika wapya, waje kwa mkupuo, tena kupitia mlango ambao hospitali yenyewe inao. Kwa tamthilia ya Dar es Salaam upo tayari: madaktari tarajali, wanaofanya kazi mwaka mzima chini ya usimamizi kabla ya usajili kamili. Mwaka 2009 Grey's Anatomy, tamthilia ya hospitali ya Marekani, iliunganisha hospitali mbili. Nafasi za kazi zikapungua, na madaktari Jackson Avery na April Kepner wakaingia wakiwa washindani. Hapo ndipo penye nguvu: kuja kwao kulitishia kitumbua cha wenyeji. House, nayo ya Marekani, mwaka 2007 ilileta waombaji 40 wagombee nafasi chache, huku wawili wa timu ya zamani wakibaki hospitalini humo kwa kazi nyingine.

Wageni wanne au watano wanatosha. Bakiza wakongwe watatu, mmoja awe muuguzi, kwa sababu wauguzi ndio wanaoijua wodi kuliko wote. Makabidhiano yapewe angalau episodi sita. Katika ER, nayo tamthilia ya Marekani, John Carter aliingia mwaka 1994 akiwa mwanafunzi. Daktari mkongwe Mark Greene alipoondoka mwaka 2002, watazamaji walikuwa wameshamwona Carter akikomaa, wakamkubali.

Ugeni uonekane kwa mikono. Saa nane usiku analetwa dereva wa bodaboda, paja linavuja damu. Tarajali anafungua droo tatu akitafuta glovu. Sista anaingiza mkono kwenye ya nne bila hata kutazama, anampa saizi yake. Hapo huhitaji mstari wa maelezo.

Visa vichote mjini: ndugu wanaohangaika na rufaa kutoka Temeke kwenda Muhimbili, au homa ya dengue, iliyolipuka Dar mwaka 2014 na 2019. Ajali kubwa ya kuua wahusika watano kwa mpigo iogope. Inapandisha watazamaji wiki moja, kisha msimu ujao unadaiwa ajali kubwa zaidi.

Mikataba iulizwe miezi mitatu kabla ya kuandika. Muigizaji akiondoka ghafla, kifo cha mhusika wake kitatangazwa kwa simu tu, na watazamaji hawasamehi hilo.

Waigizaji wapya wapewe siku mbili na muuguzi wa idara ya dharura. Moyo ukisimama, kifua kinakandamizwa mara 100 hadi 120 kwa dakika, kwa kina cha sentimita 5 hadi 6, juu ya mdoli wa mafunzo. Kwa muigizaji mzima ni hatari, hivyo kamera ikae upande unaoficha mikono. Na mstari wa moyo ukilala kabisa kwenye monita, usiandike mshtuko wa umeme, kwani hausaidii hapo. Mgonjwa huyo anaendelea kukandamizwa kifua na kupewa adrenalini, na wauguzi wanaotazama nyumbani wanalijua hilo.