Leza kwa mbwa mwenye maumivu ya nyonga: namna ya kuifanya

Mbwa wengi wa ulinzi hapa Mwanza hulala kwenye sakafu ya saruji na kurukaruka miambani usiku kucha. Wakizeeka, nyonga na magoti hukakamaa. Leza, yaani kumulika kiungo kwa mwanga mkali wa mashine, huwapa nafuu baadhi yao, ila isianze kabla ya uchunguzi.

Hatua ya 1. Tafuta chanzo. Mtazame akitembea, kisha kunja na kunyoosha kila kiungo taratibu. Kama viungo vimevimba ghafla na ana homa, fikiria kwanza ugonjwa wa kupe; leza haiutibu. Uliza amepewa dawa gani nyumbani. Diklofenaki na ibuprofeni za binadamu humtia mbwa vidonda vya tumbo na kuharibu figo, na bado watu wanazitoa kwa nia njema. Penye uvimbe wa saratani, au kwenye tumbo la jike mwenye mimba, usielekeze miali kabisa.

Hatua ya 2. Linda macho. Leza inayozidi wati 0.5 ni ya daraja la 4, la hatari kuliko yote: hata mwanga uliodunda kwenye meza inayong'aa unaweza kupofusha. Kila aliyemo chumbani avae miwani inayolingana na urefu wa wimbi la mwanga wa mashine. Miwani ya jua haisaidii. Mbwa naye afunikwe macho.

Hatua ya 3. Futa dawa ya kupaka, nyoa manyoya mazito.

Hatua ya 4. Piga hesabu. Hapa ndipo tiba inapofaulu au kupotea, maana wengi huhesabu dakika tu na kusahau ukubwa wa eneo. Tuseme nyonga ina sentimita 10 kwa 10, yaani 100 za mraba. Kwa juli 8 (juli ni kipimo cha nishati) kila sentimita ya mraba, unahitaji juli 800. Wati 4 hutoa juli 4 kwa sekunde, hivyo ni sekunde 200.

Hatua ya 5. Sogeza kichwa cha mashine bila kusimama, mlalo kisha wima, ukizunguka kiungo pande zote. Papasa ngozi mara kwa mara. Manyoya meusi hufyonza mwanga zaidi na kupata moto haraka. Mbwa akigutuka, punguza wati na uongeze muda.

Rudia mara 2 au 3 kwa wiki mwanzoni, kisha ongeza nafasi kati ya siku za tiba. Mrekodi kwa simu akiinuka asubuhi, kabla ya tiba na kila wiki, kwa sababu tafiti za mbwa hazijakubaliana na macho ya mwenye mbwa hutaka kuona nafuu. Wiki 4 zikipita bila tofauti kwenye video, simamisha leza, mpunguze uzito na mrudishe kwa daktari wa mifugo apangiwe dawa ya maumivu.