Kutembea Firenze kwa Miguu Ukiwa na Mwongoza Watalii

Kwenye uso wa kanisa la Santa Maria Novella mjini Firenze (Florence), Italia, hatua chache kutoka kituo cha treni chenye jina hilohilo, kuna safu ya herufi kubwa za Kilatini zilizotandazwa kutoka upande mmoja hadi mwingine. Wageni wengi huzipita wakidhani ni aya ya Biblia au jina la mtakatifu, kumbe ni jina la mfanyabiashara: Giovanni Rucellai, mwana wa Paolo, pamoja na mwaka wa 1470 ulioandikwa kwa tarakimu za Kirumi. Yeye ndiye aliyegharamia kazi ya msanifu Leon Battista Alberti ya kuumalizia uso huo, na utajiri wa ukoo wake ulitokana na rangi ya zambarau ya kutilia nguo, iliyotengenezwa kwa kuloweka katika mkojo aina ya ukoga unaoota juu ya mawe. Ukoga huo uliitwa oricello, na humo ndimo lilimotoka jina la ukoo.

Nimeanza na herufi hizo kwa sababu Firenze ilijengwa na watu waliotaka ijulikane ni nani aliyetoa fedha. Kwa hiyo swali lenye faida kuliko yote unaloweza kumwuliza mwongoza watalii mbele ya kila jengo ni hili: nani alilipa? Mwongozaji anayelijua jibu atakuonyesha mji wenyewe, na asiyelijua atakuhesabia majina na tarehe ambazo ungeweza kuzisoma kwenye simu ukiwa bado hotelini.

Nchini Italia kazi ya kuongoza watalii ni taaluma yenye leseni, na aliyeidhinishwa huwa na kitambulisho ambacho si utovu wa adabu kuomba kukiona kabla hamjaanza safari. Matembezi yanayotangazwa kuwa ya bure hulipiwa kwa bakshishi mwishoni. Si mabaya, ila makundi yake mara nyingi huwa makubwa, na nusu ya muda huishia katika kusubiriana kwenye vivuko vya barabara. Kwa maoni yangu, kundi la watu kumi au kumi na wawili ndilo kikomo cha kundi linaloweza kusimama katika uchochoro wa Firenze bila kuwazibia njia wenyeji. Soma pia ratiba kwa makini kabla ya kulipa. Ratiba ya muda wa saa tatu inayoahidi makumbusho ya Uffizi, sanamu ya Daudi, kuba la kanisa kuu na daraja la Ponte Vecchio imeandikwa na mtu asiyejali kama utaona kitu au hutaona, maana Uffizi peke yake hula asubuhi nzima. Ni afadhali matembezi ya nje yawe siku yake, na makumbusho yawe siku nyingine.

Chagua siku yako ukijua kwamba Uffizi na Accademia, makumbusho yenye sanamu ya Daudi, hufungwa Jumatatu, na kwamba Jumapili ya kwanza ya mwezi makumbusho ya serikali huingiwa bila malipo, jambo ambalo huzaa foleni zinazozunguka nyumba. Kupanda kuba la kanisa kuu kunahitaji nafasi iliyowekwa mapema kwa siku na saa maalumu. Kuna ngazi 463, hakuna lifti, na njia ni nyembamba kiasi kwamba mwenye kuogopa mahali palipobana asijitie humo kwa sababu ya haya tu. Miezi ya Julai na Agosti joto hupanda mno na mawe hulihifadhi hadi usiku, kwa hiyo omba kuanza saa mbili asubuhi au usubiri alasiri ya mwisho. Ukumbuke vilevile kufunika mabega na magoti ikiwa matembezi yenu yanaingia makanisani, kwa kuwa mlinzi wa mlangoni hatakusikiliza hata kama tiketi imeshalipiwa.

Kuhusu viatu sina maneno mengi: njia za katikati ya mji zimetandikwa mabamba mapana ya mawe ambayo karne za nyayo na magurudumu zimeyalainisha, na mvua ikinyesha huteleza kama sabuni. Vaa soli ya mpira yenye mikato. Mkoba uvaliwe kwa mbele, hasa karibu na kituo cha treni na darajani, kwani wezi wa mifukoni huvizia palepale ambapo watu wote wameinua macho juu.

Kuna jambo moja dogo linalowapotezea watu ziara nzima, nalo ni namba za nyumba. Mtaa mmoja wa Firenze una mfululizo wa namba mbili: nyekundu kwa maduka na biashara, na nyeusi au buluu kwa makazi. Mifululizo hiyo haifuatani, kwa hiyo namba 12 nyekundu inaweza kuwa mbali kabisa na namba 12 nyeusi, na kwenye anwani nyekundu huandikwa kwa herufi r baada ya tarakimu. Asubuhi yangu ya kwanza mjini humo nilisimama robo saa mbele ya mlango wa nyumba ya mtu, nikiitazama saa yangu kila mara, huku kundi langu likiwa limekusanyika mwisho wa mtaa mbele ya mkahawa wenye namba ileile. Siku hizi naomba sehemu ya kukutania itajwe kwa kitu kinachoonekana, kama vile mnara au chemchemi, na nafika dakika kumi kabla.

Njia iliyo nzuri kwa ziara ya kwanza huanzia hapo Santa Maria Novella, hupitia San Lorenzo na jumba la ukoo wa Medici, hufika kanisa kuu, hushuka kwa Orsanmichele hadi uwanja wa Piazza della Signoria, na huishia kwenye mto Arno. Kwa urefu ni kama kilomita mbili tu. Mwongozaji mzuri huitumia kwa saa tatu, na anayeimaliza kwa saa moja amewakimbiza.

Mkifika San Lorenzo, kanisa la akina Medici, tazameni uso wake: ni ukuta wenye mikwaruzo usiofunikwa kwa marumaru. Michelangelo aliuchorea uso mpya kwa agizo la Papa Leo wa 10, aliyekuwa mwana wa ukoo huohuo, na haukujengwa. Jibu la swali letu hapa ni kwamba hakuna aliyelipa hadi mwisho, hata katika ukoo ambao benki yake ilianzishwa mwaka 1397 na kukua hadi kuwa miongoni mwa benki kubwa za Ulaya.

Kwenye kanisa kuu la Santa Maria del Fiore jiandae kusahihishwa. Kazi ya ujenzi ilianza mwaka 1296, na kuba la Filippo Brunelleschi lilijengwa kati ya mwaka 1420 na 1436, lakini uso wenye marumaru nyeupe, kijani na waridi ambao kila mtu huupiga picha ulikamilika mwaka 1887. Ukitaka kuona Zama za Mwamko wa Sanaa, zile Waitaliano wanazoziita Rinascimento, zunguka nyuma ya kanisa uliangalie kuba. Mwombe mwongozaji aeleze jinsi mtu alivyoweza kuliinua bila kiunzi cha mbao kinachosimama tangu sakafuni, na jinsi matofali yalivyopangwa kwa mshazari, mithili ya mifupa ya samaki, ili kila safu ijishikilie yenyewe kabla chokaa haijakauka. Aliyegharamia na kusimamia ujenzi wa kanisa hilo ni chama cha wafanyabiashara wa sufu, Arte della Lana. Jengo la ubatizo lililo mkabala lilikuwa chini ya uangalizi wa wapinzani wao, Arte di Calimala, walioagiza vitambaa vigumu kutoka kaskazini mwa Ulaya, wakavilainisha na kuvitia rangi, kisha wakaviuza kwa bei kubwa.

Hao Calimala ndio walioitisha mashindano ya mwaka 1401 ya kutengeneza milango ya shaba ya jengo hilo la ubatizo, ambayo Lorenzo Ghiberti alimshinda Brunelleschi. Milango yake ya pili, iliyomchukua kuanzia mwaka 1425 hadi 1452, ndiyo inayoitwa Milango ya Peponi. Sogea karibu na uzio na umwombe mwongozaji akuonyeshe, katikati ya vichwa vidogo vinavyochungulia kwenye fremu, kile chenye upara na nyusi zilizoinuliwa: huyo ni Ghiberti mwenyewe. Hapa pia ndipo pa kuuliza swali la pili, ambalo waongozaji wavivu hulikwepa, yaani kama kitu unachokitazama ni cha asili au ni nakala. Milango iliyopo nje ni nakala. Ya asili imehifadhiwa katika makumbusho ya kanisa kuu, nyuma ya kuba.

Kituo ambacho ningewaomba mkae muda mrefu ni Orsanmichele, na bahati mbaya ndicho kinachorukwa na makundi mengi kwa kuwa kwa nje hakifanani na kanisa. Hakifanani kwa sababu kilijengwa kama soko na ghala la nafaka katika karne ya 14, na hata leo ndani ya nguzo zake mna matundu ambayo nafaka ilishukia kutoka ghorofa za juu. Kuta zake za nje zina vijumba vya sanamu, kila kimoja cha chama chake cha kazi, na hapo swali la nani alilipa hujibiwa kwa mali iliyotumika. Shaba ilikuwa ghali mno kuliko marumaru, kwa hiyo Calimala na chama cha wenye benki wana watakatifu wa shaba waliotengenezwa na Ghiberti, ilhali mafundi wa silaha waliridhika na Mtakatifu George wa marumaru aliyechongwa na Donatello. Waashi na wachongaji wa mawe nao waliweka watakatifu wanne waliosimama pamoja, kazi ya Nanni di Banco. Inama utazame chini ya miguu ya watakatifu hao: kuna mchongo mdogo wa waashi kazini, mmoja akijenga ukuta, mwingine akichonga sanamu ya mtoto. Sanamu za nje ni nakala hapa pia. Kwenye jengo la jirani, lililokuwa makao ya chama cha sufu, mtafute mwanakondoo aliyebeba bendera, maana ukishamjua utakuwa unamtambua kila unapokwenda.

Wakati wa kusikiliza, makundi mengi hupewa vipokea sauti vya masikioni. Vinasaidia, lakini vina hila yake: mtu huweza kubaki nyuma mita thelathini akisikia maelezo ya kitu asichokiona. Kaa karibu na mwongozaji, uliza maswali yako mnapotembea kutoka kituo kimoja hadi kingine badala ya kumkatiza katikati ya maelezo, na piga picha baada ya maelezo. Ukihitaji kupumzika, sema mapema. Kahawa inayonywewa kwa kusimama kaunta ni nafuu kuliko ileile ikinywewa mezani, jambo ambalo si ulaghai bali ni desturi ya nchi nzima.

Piazza della Signoria ndipo majibu yanapobadilika. Daudi wa Michelangelo, aliyechongwa kati ya mwaka 1501 na 1504, aliwekwa mbele ya Palazzo Vecchio, jumba la serikali ya mji, wakati mji ukiwa jamhuri. Yule wa asili alihamishiwa Accademia mwaka 1873, na aliyesimama hapo sasa ni nakala. Karibu na chemchemi ya Neptuni kuna bamba la mviringo sakafuni ambalo watu hulikanyaga bila kujua: linaonyesha mahali mtawa Girolamo Savonarola alipouawa na kuchomwa moto tarehe 23 Mei 1498. Geuka kisha umtazame Perseo, shujaa wa hadithi za Kigiriki, kazi ya Benvenuto Cellini, akiwa amekiinua kichwa cha Medusa. Sanamu hii haikuagizwa na chama cha kazi wala na mji, bali na mtawala mmoja, Cosimo wa Kwanza wa ukoo wa Medici, na mwaka 1554 ilipofunuliwa hakuna mwenyeji aliyehitaji kufafanuliwa ujumbe wake, kwamba jamhuri imekwisha na sasa anatawala mtu mmoja.

Cosimo huyo ndiye aliyejenga Uffizi, neno lenye maana ya ofisi, na mwaka 1565 akamwagiza Giorgio Vasari ajenge ushoroba wa juu kwa juu kutoka Palazzo Vecchio, kupitia Uffizi, hadi ng'ambo ya mto kwenye jumba la Pitti, ili atembee mji mzima bila kukanyaga barabara. Utauona juu ya maduka ya Ponte Vecchio, daraja lililojengwa mwaka 1345 na ambalo wachinjaji waliokuwa wakiuza nyama hapo waliondolewa mwaka 1593 kwa sababu ya harufu, nafasi zao wakapewa masonara. Vuka hadi mwisho wa daraja, kisha geuka uangalie mnara wa ukoo wa Mannelli. Wenye mnara walikataa ubomolewe, na ushoroba wa mtawala ukalazimika kuuzunguka kwa pembeni, ukining'inia juu ya vishikio vya mawe.

Hapo ndipo wengi hulipana na kuagana. Kama bado una nguvu, rudi usiku baada ya chakula, wakati masonara wameshafunga maduka yao kwa mbao nene zilizopigiliwa vyuma, zikayafanya yaonekane kama safu ya masanduku makubwa, na umati umepungua kiasi cha kuusikia mto ukipita chini.