Somo: Soma rekodi yako ya jinai New York kabla mwajiri hajaisoma

Mwaka 2012 nilikamatwa kituo cha treni Bronx kwa kupita getini bila kulipa nauli. Nikachukuliwa alama za vidole, nikalala mahabusu, kesho yake hakimu akaahirisha kesi miezi sita: nikitulia, inatupwa. Nilitulia. Miaka saba baadaye naomba kazi ya kuhudumia wazee, naambiwa nina kesi iliyo wazi. Kumbe matokeo hayakuingizwa popote. Kazi ile niliikosa, na bado inaniuma, kwa sababu karatasi moja ingeniokoa. Waswahili wenzangu mlioko jiji hili, someni hadi mwisho.

Kwanza tuelewane maneno. Kuna faili ambalo kwa Kiingereza huitwa "sealed". Wengine husema "limefungwa", lakini kwetu aliyefungwa yuko jela, kwa hiyo nitasema faili "limezibwa": lipo, ila mwajiri wa kawaida halioni. Kuzibwa si kufutwa. Tofauti hii ishikeni, tutairudia kwenye uhamiaji.

Hatua ya 1: Jua kilichokupata. Kusimamishwa barabarani, kukamatwa na kutiwa hatiani ni vitu vitatu tofauti. Mwaka 2011 polisi wa New York walisimamisha watu zaidi ya mara 685,000, wengi wao vijana weusi na Walatino, na karibu mara 9 katika kila 10 mtu aliachiwa bila kukamatwa wala kupewa samansi. Agosti 2013 Jaji Shira Scheindlin aliamua kwamba jinsi utaratibu ule ulivyotumika ilivunja katiba. Tangu 2010 sheria ya jimbo inakataza polisi kuweka kwenye kompyuta majina ya waliosimamishwa na kuachiwa hivyo hivyo. Kwa hiyo kama uliishia kupekuliwa mifuko na kuambiwa nenda, huna rekodi ya jinai. Usijiandikie kosa kwenye fomu kwa woga.

Hatua ya 2: Agiza rekodi yako mwenyewe. Inatolewa na idara ya jimbo inayoitwa DCJS, kwa alama za vidole. Omba nakala kamili, inayoonyesha hata yaliyozibwa. Hiyo ni ya macho yako na ya wakili wako, usimpe mwajiri. Mahakama nayo huuza taarifa kwa dola 95, lakini hutafuta kwa jina na tarehe ya kuzaliwa tu. Sisi ambao majina yetu huandikwa kila mara kivingine, leo Mohamed kesho Muhammad, tusitegemee hiyo.

Hatua ya 3: Kagua mstari kwa mstari. Hapa ndipo penye kazi. Kila tarehe ya kukamatwa lazima iwe na mwisho wake: ilitupwa, ulikiri, au ulitiwa hatiani. Ukiona tarehe haina mwisho, nenda kwa karani wa mahakama ya jinai ya eneo uliposhtakiwa (Manhattan ni 100 Centre Street), na namba ya kesi mkononi, uombe hati ya matokeo ya kesi. Ukishaipata, iambatanishe na ombi la masahihisho DCJS. Piga nakala tatu, moja umwachie ndugu.

Hatua ya 4: Angalia kama muda umetimia. Sheria ya jimbo iitwayo Clean Slate, inayoziba rekodi za hukumu za zamani bila wewe kuomba, ilianza Novemba 16, 2024. Kosa dogo huzibwa baada ya miaka 3, kosa kubwa baada ya 8, ikihesabiwa tangu hukumu au tangu kutoka jela, mradi huna kesi mpya wala huko chini ya uangalizi. Makosa ya ngono na mengi ya yale mazito kabisa, kama kuua, hayamo. Mahakama zimepewa hadi Novemba 2027 kukamilisha. Huombi, hulipi. Anayekudai pesa "akuharakishie" anakuibia.

MASWALI YA WANACHAMA

*Kaka, mwajiri aliniuliza kwenye usaili kama nimewahi kukamatwa. Ni halali?*

Hapana, dada. Tangu 2015 mwajiri wa jijini mwenye wafanyakazi 4 au zaidi haruhusiwi kuuliza rekodi kabla ya kukupa ofa. Polisi na baadhi ya kazi nyingine zina sheria zake.

*Shikamoo. Kijana wangu akiombwa na polisi apekuliwe begi, akubali?*

Marahaba. Tangu Oktoba 2018, polisi asiye na msingi mwingine wa kisheria lazima amweleze kijana kwamba anaweza kukataa, na ahakikishe ameelewa. Aseme kwa upole "sikubali", mikono ionekane, asikimbie, asibishane. Wakiachana, ana haki ya kuomba kadi yenye jina la polisi na namba yake.

*Kesi yangu ilitupwa na faili limezibwa. Kwenye fomu ya uraia nijaze hapana?*

Usithubutu, ndugu yangu. Fomu ile inauliza kama umewahi kukamatwa, na uhamiaji ni serikali ya shirikisho. Kuzibwa kwa jimbo hakukufichi kwao, alama zako zinaweza kuwa bado ziko FBI. Jaza ndiyo, ambatanisha hati ya matokeo. Kesi iliyotupwa bila wewe kukiri mara nyingi inaelezeka. Uongo kwenye fomu ndio unaovunja ombi.

*Wakili wa bure ananishauri nikiri kosa dogo niende nyumbani leo. Nina grini kadi.*

Usikiri bado. Mwambie wazi kwamba wewe si raia. Mahakama Kuu ya Marekani iliamua mwaka 2010, kesi ya Padilla, kwamba wakili wa jinai lazima akueleze hatari ya kufukuzwa nchini kabla hujakiri. Mwombe aongee na mwanasheria wa uhamiaji wa ofisi yao, na hakimu aahirishe. Kesho asubuhi nipigie, tutakwenda pamoja.